Udongo wa Mulongo wa Chini

Ilianza Jumamosi, saa nne kamili za asubuhi, salongo, ile kazi ya lazima ya kusafisha mji, ilipokwisha na watu wakawa wanarudisha majembe nyumbani. Nilisimama mlangoni pa nyumba ya wageni ya mission, hapa Dilala, Kolwezi, miguu yangu bado ina vumbi la barabara tuliyofagia, nikimngoja mgeni wa mwisho wa kazi yangu. Ulikuwa mwezi wa Julai, na ile baridi yetu inayokausha midomo.

Nawaandikia ninyi, wadogo zangu wa darasa la tatu la sekondari, mliochaguliwa kuchukua kazi ya kutembeza wageni. Mamère, sista mkuu wetu, aliniambia niwaeleze kwa mdomo. Kwa mdomo siwezi, mnanijua. Mbele ya watu maneno yangu hutawanyika kama kuku walioona kipanga. Kwenye kurasa za kaye yanatulia, hata yanajipanga mstari. Najua mtacheka kwamba mtu wa miaka kumi na minane anaongea kama mzee wa pensheni. Lakini Tata Kasongo, aliyenifundisha kazi hii, alikuwa anasema pensheni si umri. Pensheni ni siku unapoona mwingine ameketi kwenye kiti chako, na kiti hakilalamiki.

Tata Kasongo alikuwa dereva wa treni ya mgodi mpaka goti lake lilipokataa. Baada ya hapo ndiye aliyewatembeza wageni wa mission: wazazi wa wanafunzi wa bweni, walimu wapya, wanawake waliofuata waume zao kazini, na wale waliowahi kuishi hapa wakaondoka, kisha wakarudi kuangalia. Hao wa mwisho ndio wagumu. Mgeni wa kwanza anataka umwonyeshe. Aliyerudi anataka umrudishie, na hatakuambia ni kitu gani.

Mtu wa kwanza niliyemtembeza peke yangu alikuwa mwalimu wa hesabu kutoka Kamina. Nilimzungusha kanisani, sokoni, kwenye nyumba za zamani za kampuni, mpaka Musonoi kwenye shimo la mgodi, na njia nzima niliongea nikiangalia chini. Tata Kasongo alikuwa anatufuata kwa mbali, na kigongo chake. Tuliporudi akaniambia, "Kapinga, kwa nini unahadithia barabara? Barabara ni ya hapa. Mwalimu njo mugeni, umuhadithie yeye."

Kanuni yake kubwa ilikuwa hii: usianze na shimo. Kila mgeni anataka shimo, ameshasikia kwamba unaweza kusimama ukingoni ukaona mashine kubwa kule chini zimekuwa kama siafu. Ukimpeleka huko kwanza, umemaliza kazi. Hataona tena kanisa wala soko wala mtu. Tata Kasongo alisema shimo ni kama kipande cha nyama kwenye sahani ya bukari, ugali wetu. Mtoto mwenye akili anakisogeza pembeni, anakula bukari na majani ya sombe kwanza, huku anakiangalia.

Kanuni ya pili ni choo. Msicheke. Njia ni ndefu, na mgeni mwenye heshima hatakuambia. Jueni ni mama gani njiani ana choo safi, mmsalimie hata siku ambazo hamna mgeni, mmbebee maji mara moja moja. Kuna inspekta mmoja wa shule, mtu mnene wa suti ya abacost ya kijivu, tulimwacha kwenye choo cha Mama Béa karibu na soko. Tulikuwa kundi kubwa na mimi nikasahau kuangalia nyuma. Tulifika kanisani ndipo mmoja akauliza inspekta yuko wapi. Nilirudi nikikimbia, nikamkuta ameketi kwenye kigoda, koti limening'inia kwenye msumari, anakula bukari na dagaa wa kapenta na watoto wa mama yule, anawauliza majedwali ya kuzidisha. Alikataa kuondoka mpaka sahani ilipokwisha. Baadaye alimwambia Mamère kwamba kituo cha Mama Béa ndicho kilichompendeza kuliko vyote. Tangu hapo Tata Kasongo akawa anawauliza wageni kama wangependa "kituo cha inspekta".

Na majina. Barabara zetu zilibadilishwa majina wakati uleule serikali ilipotubadilishia na sisi wenyewe majina. Mgeni kijana anataka jina jipya, maana ndilo analoliona kwenye kibao. Aliyeondoka zamani atakuuliza kwa jina la kale, tena kwa sauti ndogo kama anauliza habari za mtu aliyekufa. Muwe na yote mawili mdomoni. Msimsahihishe mtu. Mwenye jina la kale mpeni la kale.

Na moja zaidi, hii ni yangu mwenyewe, hakunifundisha mtu: mgeni akinyamaza, nanyi nyamazeni. Hapo ndipo mimi mwenye haya nilipopata faida.

Sasa mgeni wangu wa mwisho.

Alitoka akiwa amejifunga pagne mbili na sweta ya kiume, na mkononi ana kopo tupu la maziwa ya unga, lenye kifuniko. Mamère alinieleza kwa kifupi: ni Mama Ntumba, ametoka Kananga, kule Kasai, kwa treni, aliishi Musonoi zamani, mumewe alikuwa anaendesha mashine ya kuchimba. Walichukua pensheni wakarudi Kasai, na huko mume akafariki. Nikamsalimu kwa Tshiluba, "Moyo webe, mamu," na uso wake ukafunguka. Wazazi wangu nao walitoka Kasai, kwa hiyo lugha ninayo, ingawa kwetu inatumika zaidi kugombezwa.

Nilianza kama nilivyofundishwa. Kanisa, hadithi ya kengele, soko, nyumba za zamani. Alinivumilia. Tulipofika kwenye ukuta wa shule ya wavulana akasimama, akanishika mkono wa sweta kwa upole.

"Mwana," akasema, "hii yote mi naijua. Nilikuwa napita hapa na mimba. Unipeleke ku Musonoi."

Basi tukashika barabara ya Musonoi, yeye ananiambia mambo huku malori yanatupita na kutumwagia vumbi. Aliniambia kwamba watoto wake watatu walizaliwa kule, nyumbani, mkunga akiwa jirani. Kila kitovu kilipodondoka alikizika mwenyewe nyuma ya nyumba, kwenye migomba. Mnajua desturi hii, hata wale mnaoishi kwenye nyumba za ghorofa za kampuni mnaijua. Pale kitovu kilipozikwa hakuna mtu anayeweza kumwambia mtoto ondoka.

Kisha akaniambia ya Kasai. Mumewe alipokufa, ndugu zake waliwanyima watoto kiwanja. Walisema watoto wale ni wa kuja, hawajui hata kuongea vizuri, wana Kiswahili mdomoni. Mama Ntumba akauza nguo zake nzuri, akapata kiwanja kidogo pembeni ya mji kutoka kwa mama mmoja wa kanisani. Mkubwa, Mukendi, ameanza kufyatua matofali. Lakini kila wakipanda kitu pale, shemeji zake wanapita wanauliza wageni hawa watakaa mpaka lini, na Mukendi ameanza kusema na yeye haoni kama ni kwao. Ndiyo maana alipanda treni. Alitaka udongo wa Musonoi, wa pale pale kwenye migomba, auchanganye na udongo wa kiwanja, ili watoto wajue wamesimama juu ya cha kwao. Tena alikuwa amesikia kwa msafiri mmoja kwamba shimo linapanuliwa na nyumba za karibu zinaondolewa. Niliona ni kweli: nguzo za uzio zilikuwa zimelazwa kando ya barabara, zinangoja kusimamishwa Jumatatu.

"Kule banaita batoto bangu ba-Katanga," akasema. "Huku tulikuwa tunaitwa ba-Kasai. Sasa mi nauliza, beko ba wapi?"

Swali hilo linakaa hata kwetu, linakula nasi mezani, lakini nyumbani hakuna anayelitaja.

Musonoi ni kambi ya wafanyakazi wa kampuni, nyumba zimepangwa kwa safu, sisi tunaita mulongo, na zote zinafanana kama matofali ya kalibu moja. Ukiwa mgeni unapotea mchana kweupe. Ila kila nyumba ina kibao cha bati juu ya mlango, cheupe, na namba ya bluu, na vibao hivyo nilivijua vizuri. Nilimuuliza yao ilikuwa namba gani. Akasema arobaini na moja, bila kufikiri, kama mtu anavyotaja jina la mtoto wake. Nikafurahi. Nilimpeleka moja kwa moja.

Alisimama mbele ya kile kibao, akasema nyumba inaonekana kubwa. Hapo ningepaswa kusikia. Miaka yote ya kutembeza watu, kila aliyerudi aliniambia nyumba yake imekuwa ndogo. Huyu alikuwa wa kwanza kuona imekua. Lakini nilikuwa na haraka ya kumfurahisha.

Tulibisha hodi, hakuna aliyejibu. Mama Ntumba hakungoja. Alizunguka nyuma, akaona migomba, akapiga magoti. Akatoa kijiko kwenye pagne yake, akaanza kuchimba na kutia udongo kwenye kopo, huku anataja majina polepole: Mukendi, Mbombo, Kalala. Nilijitenga kidogo nikageukia ukuta, maana nilisikia anaanza kulia na sikujua macho yangu niyaweke wapi.

"Munazika nini mu lupango yangu?"

Alikuwa mama mrefu, na ndoo ya munkoyo, ile togwa ya mahindi, kichwani, amesimama kwenye kona ya nyumba. Lupango ni uwanja wa nyumba ya mtu, na mgeni kuchimba lupango ya mtu bila ruhusa ni jambo ambalo hata mtoto anajua maana yake. Mtu anayechimba kwako anaacha kitu. Mama yule alitua ndoo. Majirani walikuwa wameshatokeza vichwa juu ya ua.

Akasema sasa amepata jibu. Mwezi mzima munkoyo wake unaharibika kabla ya jioni na wateja wanahamia kwa mwingine, kumbe kuna watu wanakuja kumfungia biashara. Jirani mmoja akaongeza kwamba hao ni ba-Kasai, si unasikia wanavyoongea. Mwingine akauliza kama aitwe mkuu wa kambi. Mama Ntumba alibaki amepiga magoti, kijiko mkononi, akiniangalia mimi. Mimi ndiye kiongozi wa njia. Mimi ndiye wa kusema.

Wadogo zangu, hapo ndipo kazi hii inapompima mtu. Nilifungua mdomo. Kilichotoka ni hiki:

"Mama, hatuziki kitu. Tunafukua."

"Kumbe muliisha kuzika," akasema.

Ua mzima ukaguna. Nikataka kueleza, nikaanza na Kananga, nikarudi kwenye pensheni, nikataja kitovu kabla ya kutaja mtoto, na kila neno lilikuwa linaongeza kuni. Jirani mwanamume alikuwa ameshafungua mlango wa ua aingie, ndipo sirene ya mgodi ikalia.

Kwa wale wenu wa mjini ambao hamjawahi kulala Musonoi: mchana, kabla ya kulipua baruti shimoni, sirene inalia mara ya kwanza ili watu waingie ndani. Ikilia mara ya pili, ardhi inaruka. Katikati ya sirene hizo mbili akina mama wana kazi. Wanafungua madirisha, maana dirisha lililofungwa linapasuka. Wanashusha sahani na glasi kwenye kabati na picha ukutani. Na kwa kuwa kitanda hakitoshi kuvilaza vyote, kila mtu aliye ndani anapakata kitu kinachovunjika, hata akiwa mgeni, hata akiwa mtu uliyekuwa unagombana naye. Huwezi kumwacha mtu nje kwa sababu ya ugomvi. Ugomvi unangoja.

Majirani wakatoweka kama maji mchangani. Mama mrefu akatusukuma ndani kwa mikono miwili, anasema ataongea nasi baada ya baruti. Jina lake ni Numbi, nilikuja kulijua baadaye.

Mimi nilisimama katikati ya chumba kama mti. Lakini Mama Ntumba hakungoja kuambiwa. Alikwenda dirishani akalifungua na kulifungia kindoano chake nje. Akapita kwenye ukuta, akaishusha picha ya ndoa, akaketi chini na mgongo kwenye kitanda, mbali na kabati, akailaza picha kifuani, kioo kikimwangalia yeye. Kisha akanyoosha mkono mtupu mbele, bila kuangalia, kama mtu anayengoja kikombe cha chai.

"Kuko na thermos?" akauliza. "Ile ya kioo ndani njo inakufaka ya kwanza."

Mama Numbi alikuwa amebeba sahani zake, akasimama. Akamwangalia mwanamke yule aliyekaa chini na ndoa yake kifuani. Kisha akachukua thermos kwenye meza akamtia mkononi. Mimi nikapewa glasi sita ndani ya sufuria, zimefungwa kitambala. Tukakaa watatu chini, magoti yanagusana. Sirene ya pili ikalia.

Mkiwa mbali mnasikia kama mlango mkubwa umefungwa. Mkiwa Musonoi mnausikia mlipuko matakoni kwanza. Kitanda kilitembea. Vumbi jekundu lilidondoka kutoka juu likatukaa kwenye nywele, na glasi zangu zikaimba ndani ya kitambala, muda mrefu, mpaka nikazikumbatia. Hakuna iliyovunjika.

Kulipotulia, Mama Numbi hakuinuka. Aliuliza kwa sauti nyingine kabisa, "Mama, weye ulikuwa mulongo gani?"

"Wa chini. Njo huu."

"Huu ni wa juu."

Mama Ntumba akasema kibao ni kilekile, arobaini na moja. Ndipo Mama Numbi akaeleza, na alivyoeleza nilitamani vumbi lile linifunike. Kwenye kambi ile mgao wa unga na samaki ulikuwa unapelekwa kwa namba ya kibao, si kwa jina wala kwa nyumba. Mtu akipandishwa cheo na kupewa nyumba ya mulongo wa juu, alikuwa anaogopa mgao wake utabaki nyuma. Kwa hiyo anapanda kwenye kiti, anafungua skrubu, anabeba kibao chake juu ya mkokoteni pamoja na vitanda, anakifunga kwenye mlango mpya. Ofisi ilipiga kelele, ikachoka, ikazoea. Mume wa Mama Numbi ndiye aliyepewa nyumba ya akina Ntumba walipoondoka na pensheni. Alikikuta kibao mlangoni, akala mgao wake miaka kadhaa, na alipopanda cheo akakihamisha. Mimi niliyejua vibao vyote sikujua kwamba vinatembea.

"Basi unipeleke ku ile ya chini," Mama Ntumba akasema. Alikuwa ameinuka tayari.

Mama Numbi akaangalia thermos. "Haiko, mama. Mulongo wote hauko. Shimo iliukula mwaka uliopita."

Nimeona watu wakilia kwenye matembezi haya, nimeona wengine wakipiga picha ya mti. Sikuwa nimeona mtu akifanya alichofanya yeye. Aliirudisha picha ukutani, akainyoosha mpaka ikakaa sawa. Akatoka nyuma ya nyumba, akaumwaga udongo wa kopo kwenye shimo alilolichimba, akausawazisha kwa kiganja. Akasema udongo huo ni wa watoto wa wenyewe.

Kisha akanipita akaenda barabarani, na sisi tukamfuata. Alishuka moja kwa moja, hakuuliza njia, mpaka mahali barabara inapokatika na kuna kamba. Chini yake ni hewa, na huko mbali zile siafu zinafanya kazi. Jua lilikuwa linaanza kuinama na kuta za shimo zilikuwa za kijani na za rangi ya kutu, na vumbi la baruti bado limening'inia katikati.

Hapo ndipo alipotembeza yeye. Alinyoosha kidole hewani akaniambia hapa ni kwa Mama Kalenga mwenye kuuza maandazi, anayekopesha na kusahau. Hapa ni bomba la maji, tuligombania hapa mpaka ndoo zikapinda. Hapa ni yule mzee wa Angola aliyekuwa na redio, watu wanakaa kwenye ukuta wake jioni. Hapa ni sisi, mlango wa kijani, mume wangu aliupaka rangi ya mashine aliyopewa na kapita, msimamizi wake. Nyuma, migomba. Alikuwa anaonyesha ndege wanaopita. Mimi nilifuata kidole chake kama mgeni mwema, na kila aliponyamaza nilinyamaza.

Ndipo Mama Numbi akasema kwamba udongo haupotei. Shimo linatafuta jiwe la shaba, udongo wa juu halina kazi nao. Walipokula mulongo wa chini, malori yaliuchota ule udongo mweusi wa migomba na kuumwaga upande wa pili wa barabara, na wanawake wa kambi waliposema ni mwororo, wakagawana. Yeye analima matembele humo.

Alitupeleka. Ni kilima kirefu, upande mmoja ni mawe ya kijivu, upande mwingine matuta ya matembele yamejipanga mpaka juu. Katikati ya majani bado unaweza kuona kipande cha sahani, kipini cha sufuria, kisigino cha kiatu cha mtoto. Mama Ntumba alitembea juu ya matuta akiinama, akiangalia. Akasimama mahali. Akasogea mahali pengine. Akarudi. Nilielewa anatafuta nini, na nilijua hakuna kibao cha kumsaidia, wala kiongozi.

"Sijui," akasema. "Inaweza kuwa ya kwetu. Inaweza kuwa ya Kalenga. Inaweza kuwa ya mutu yote."

Mama Numbi alikuwa ameshapiga magoti kwenye tuta lake, anaparua udongo kwa vidole.

"Ni ya mulongo," akasema. "Leta kopo."

Walijaza pamoja. Mama Ntumba hakutaja majina ya watatu wake peke yao. Alianza nao, akaendelea na watoto wa Mama Kalenga, na wa bombani, na wale mapacha wa nyumba ya mwisho, kila aliyemkumbuka kwamba alizaliwa kwenye mulongo ule. Ilichukua muda. Mama Numbi akamkumbusha wengine wawili. Udongo ulipofika juu akakata mche wa matembele, akauchomeka katikati, hata kifuniko kikawa hakifungiki. Alisema mpaka Kananga utakuwa umetoa jani.

Wakati wa kuondoka Mama Numbi aliniambia mimi, akicheka sasa, kwamba nikirudi na mgeni mwingine wa kufukua nibishe hodi kwa nguvu. Akatupa munkoyo kwenye chupa. Ulikuwa umechacha kidogo kweli.

Tulirudi Dilala kabla ya giza. Mama Ntumba alitembea akiwa amepakata kopo kama alivyopakata ile picha. Njiani aliniuliza na mimi nilizaliwa wapi. Nikasema hapa, Kolwezi. Akasema Kolwezi ni kubwa, wapi? Nikaona sijui. Nimewatembeza watu kwenye mji huu tangu darasa la tatu, na sijui. Kwetu hatuulizani mambo hayo. Baba husema kwetu ni Kasai ambako sijawahi kufika, na Mama huangalia chini anaposema hivyo, na mimi ni mtoto wa Mama, naangalia chini pia.

Hayo ndiyo niliyotaka kuwaambia, wadogo zangu. Kazi ni nzuri. Msianze na shimo. Msiamini namba.

Kesho yake, Jumapili, niliamka kabla ya wengine. Mama alikuwa uani anachochea moto wa maji ya kuoga, na kengele ya misa ya kwanza ilikuwa inalia. Nilisimama nyuma yake mpaka akahisi. Nikamuuliza kitovu changu alikizika wapi.

Alipanga kuni, akapanga tena zilezile. Kisha akainuka, akafunga kitambala kichwani, akavuka mlango wa ua akashika barabara, si ile ya kanisani. Nikamfuata.